Watu wawili, jina moja, bila nafasi katikati

Najua nimepotea. Nilikuwa nimeahidi kueleza namna ya kuhamisha kanzidata kutoka kompyuta moja hadi nyingine bila kupoteza hata herufi moja, na ahadi hiyo bado ni deni. Leo naomba mnivumilie niandike habari za msanii. Sikuwa na mpango huo. Aliyeniingiza humu ni mama mmoja wa hapa Burat aliyekataa kujaza fomu yangu.

Kwa wasioijua Burat, ni wadi iliyo jirani kabisa na mji wa Isiolo. Wako watu wanaolima kwa maji ya mto, wako wanaofuga, na wengi hufanya yote mawili. Wako Waturkana, Waborana, Wameru, Wasomali, Wasamburu. Kikundi kimoja cha wakulima kiliniomba niwatengenezee daftari la wanachama kwenye kompyuta. Kazi ya siku mbili, nikajiambia. Jina, nambari ya kitambulisho, simu, kabila. Kisanduku cha kabila nikakifanya orodha ya kuchagua: chaguo moja tu, na usipochagua ukurasa haukubali kuendelea. Mkiniuliza kwa nini nilifanya hivyo, jibu la kweli ni kwamba fomu niliyoinakili ilikuwa hivyo.

Mama huyo baba yake ni Mmeru, mama yake ni Mturkana, na ameolewa kwa Waborana zaidi ya miaka thelathini. "Andika zote," akaniambia. Nikamjibu kwamba kompyuta haikubali zote. Akanitazama kwa muda. "Ni kompyuta haikubali, ama ni wewe mwanangu?"

Nilifunga laptopu nikaenda nyumbani. Njiani nikamkumbuka Ingrid Mwangi.

Sasa tuanze mwanzo. Ingrid Mwangi alizaliwa Nairobi mwaka 1975, baba Mkenya na mama Mjerumani. Mwaka huo si wa kupita tu. Kuanzia tarehe 1 Januari 1975, sheria ya Ujerumani Magharibi ilibadilika ili mtoto wa ndoa apate uraia kwa baba au kwa mama, maana hapo nyuma kwa kawaida alifuata wa baba peke yake. Kwa hiyo mtoto wa mama Mjerumani aliyezaliwa Nairobi Desemba 1974 na aliyezaliwa mwezi mmoja baadaye hawakuwa sawa mbele ya sheria ile. Huku kwetu nako, katiba ya zamani ilimpa uraia mtoto aliyezaliwa Kenya ikiwa mzazi wake mmoja ni raia. Lakini katiba hiyo hiyo ilikuwa na mtego wake: mwenye uraia wa nchi mbili akifika miaka 21 alitakiwa kuukana ule wa nje, la sivyo wa Kenya ungemtoka. Hivyo ndivyo ilivyokuwa mpaka katiba mpya ya Agosti 2010 iliporuhusu uraia wa nchi mbili. Karatasi zake Ingrid ni zake, mimi simo. Ninachosema ni kwamba kijana wa kizazi chake mwenye wazazi wa namna hiyo alikulia ndani ya kisanduku cha lazima chenye chaguo moja, kama kile nilichomwekea mama wa Burat.

Nairobi mtoto wa namna hiyo huitwa pointi faivu. Sisi wa kompyuta tunapenda desimali, lakini fikiria mwenyewe kuitwa nusu ya namba nzima kila unapotoka kucheza. Alipokuwa na miaka 15 alihamia Ujerumani. Huko hakuwa nusu tena, alikuwa mweusi tu. Kenya aonekane mzungu, Ujerumani aonekane Mwafrika, na katika safari yote ya ndege ngozi ni ile ile. Kazi zake za miaka ya kwanza karibu zote zinachimba hapo.

Kuanzia 1996 hadi 2002 alisoma chuo cha sanaa cha Saarbrücken, mji ulio mpakani mwa Ujerumani na Ufaransa. Hapa naomba nipinde kona kidogo, maana kuna uzi wa kiteknolojia ambao watu wa fani yetu wataupenda.

Chuoni hapo, tangu 1989, profesa wa sanaa ya vyombo vipya alikuwa Ulrike Rosenbach, mmoja wa wanawake wa kwanza Ujerumani kushika kamera ya video kama wengine wanavyoshika brashi. Kazi yake inayojulikana zaidi ni ya 1975 (ndiyo, mwaka ule ule). Alisimama na upinde akarusha mishale kumi na tano kwenye nakala ya mchoro wa zamani wa Bikira Maria, na kamera ikaweka uso wake mwenyewe juu ya uso wa Maria, hivi kwamba kila mshale ulimpiga na yeye. Mpiga mishale na anayepigwa ni mtu mmoja. Rosenbach alikuwa mwanafunzi wa Joseph Beuys pale Düsseldorf, na Beuys ndiye aliyetokea kwenye maonyesho ya kijana mmoja Mkorea mwaka 1963 akavunja piano kwa shoka.

Kijana huyo Mkorea ni Nam June Paik. Alizaliwa Seoul mwaka 1932, familia yake ikakimbia vita vya 1950, akasoma Tokyo, kisha 1956 akaenda Ujerumani kusomea muziki. Maonyesho yale yalikuwa Wuppertal, Machi 1963. Paik alikuwa amefungua runinga kadhaa na kuzichezea nyaya zake ili picha zipinde, zigeuke, zijikunje. Runinga moja iliharibika ikisafirishwa: picha yote imeminywa ikawa mstari mmoja mwembamba. Mimi ningeirudisha dukani. Paik aliilaza ubavu, mstari ukasimama wima, akaipa jina Zen for TV. Hitilafu ikawa kazi yenyewe! Nawajua waandishi wa programu wanaojaribu ujanja huo kila wiki, ila wateja wao hawadanganyiki.

Paik aliendelea hadi akawa baba wa sanaa ya video duniani, akafariki 2006, na vitabu vimejaa habari zake. Ninachotaka mkione ni kile alichothibitisha, kwamba chombo kilichotengenezwa kumwonyesha mtu picha kinaweza kufunguliwa na mtu huyo huyo na kupewa kazi nyingine. Naona uzi ukitoka Seoul, ukapita Tokyo na Wuppertal na Düsseldorf, ukafika Saarbrücken mikononi mwa binti wa Nairobi. Paik alifungua runinga. Ingrid Mwangi alifungua ngozi yake mwenyewe.

Sisemi kwa fumbo. Mwaka 2001 alitengeneza kazi iitwayo Static Drift, jina ambalo nikilifikiria kwa Kiswahili naona mtu anayesombwa na maji huku amesimama pale pale. Ni picha mbili za tumbo lake. Hakutumia rangi wala tatuu. Alitumia kiolezo na jua, basi. Kwenye picha moja ramani ya Afrika imebaki nyeupe katikati ya ngozi iliyoiva, kwa kuwa sehemu hiyo ilifunikwa. Kwenye nyingine ni kinyume: jua limeachwa lichome umbo la Ujerumani, likawa jeusi. Kila ramani ina maneno yake machache, Afrika ikiitwa bara jeusi linalong'aa na Ujerumani nchi iliyoungua.

Angalia alichofanya. Afrika ndiyo nyeupe, Ujerumani ndiyo nyeusi, na zote mbili zimeandikwa kwa wino mmoja, yaani ngozi yake. Mtu wa Isiolo haelezwi jambo hili mara mbili. Mchungaji wa hapa akivua saa mkononi unaiona saa nyingine nyeupe chini yake. Tunajua jua linaandika. Tunajua pia kwamba maandishi yake hayadumu, kwa sababu ukikaa kivulini wiki chache alama inafifia yenyewe. Kilichobaki cha Static Drift ni picha. Tumbo lilishajisahihisha zamani.

Mwaka mmoja kabla, 2000, alikuwa amefanya kazi ya video na sauti kuhusu neno la matusi ambalo Wajerumani wamewaitia watu weusi. Kwenye picha zake anazifunga rasta zake usoni kwa namna mbalimbali mpaka zinakuwa vinyago. Wanataka kinyago cha Kiafrika? Hiki hapa, kimeota kichwani mwangu. Nakiri kwamba mara ya kwanza nilicheka, kisha nikaona aibu kidogo kucheka.

Dunia ilianza kumsikia. Mwaka 2003 jumba moja la sanaa za Afrika mjini New York lilifanya maonyesho ya wasanii 12 Waafrika wanaoishi nje ya bara, yakiitwa Looking Both Ways. Katika hao 12, watatu walizaliwa Nairobi: Ingrid Mwangi, Wangechi Mutu na Allan deSouza. Robo nzima! Kisha yakaja Africa Remix, yaliyoanzia Düsseldorf mwaka 2004 yakapita London, Paris, Tokyo na kwingineko hadi Johannesburg mwaka 2007. Naye alikuwemo.

Nimesema Static Drift ni maandishi yanayofifia. Sasa linganisheni na maandishi ambayo serikali imekuwa ikiwaandika watu huku kwetu, maana bila hayo hamtaelewa kwa nini mama yule alikasirika.

Sheria ya kipande ilipitishwa 1915 na kuanza kufanya kazi baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia. Mwanamume Mwafrika alitakiwa kubeba karatasi yenye jina lake, kabila lake, alama za vidole, mwajiri wake na mshahara wake, ndani ya kikebe cha chuma kilichoning'inizwa shingoni. Wazee waliokivaa walikifananisha na kengele ya mbuzi. Mfumo huo uliondolewa 1947 pakaja kitambulisho cha watu wa rangi zote, lakini neno kipande halikufa. Mpaka leo mtu wa Isiolo akiulizwa kitambulisho anatoa kipande.

Huku kaskazini kulikuwa na la ziada. Sheria za kikoloni zililifanya eneo hili kuwa la kuingia na kutoka kwa kibali, na Isiolo ndiyo ilikuwa lango. Ndiyo maana wazee wanaosafiri kwenda Nanyuki au Nairobi walikuwa wakisema wanaenda Kenya. Si utani, ni jiografia ya kizuizi cha barabarani. Baada ya uhuru ikaja vita vya shifta, 1963 hadi 1967. Mwaka 1989 serikali iliwapanga Wakenya wa asili ya Kisomali kwenye mistari ili wathibitishe kuwa ni Wakenya, na waliofaulu wakapewa kadi ya rangi ya waridi ya kutembea nayo pamoja na kitambulisho. Ukaguzi wa ziada wa vijana wa kaskazini wanaoomba vitambulisho ulidumu miongo mingi, mpaka Februari 2025 rais alipotangaza kuufuta.

Kwa hiyo mtu wa hapa akiona kisanduku kimeandikwa kabila, haoni kisanduku. Anaona foleni. Nami nilikiweka kwa kuwa tu kilikuwepo kwenye fomu ya zamani, iliyokuwepo kwenye fomu ya zamani zaidi. Ukifuata nakala hizo kurudi nyuma, sidhani utasimama kabla ya kile kikebe cha chuma.

Narudi kwa Ingrid, kwa sababu sehemu iliyonifanya niandike haya bado.

Mumewe ni Robert Hutter, Mjerumani wa Ludwigshafen, aliyezaliwa 1964, naye msanii. Walikuwa wakifanya kazi pamoja kama wengi wafanyavyo: mmoja mbele ya kamera, mwingine nyuma. Mwaka 2005 walitangaza kwamba hawako wawili tena. Si kikundi, si kampuni ya mume na mke. Ni msanii mmoja, na jina lake likawa IngridMwangiRobertHutter.

Tazameni jina hilo vizuri, ninyi mnaoandika programu. Hakuna nafasi. Herufi kubwa ndiyo inayoonyesha neno jipya linapoanza, vile vile tunavyoandika majina ndani ya msimbo. Nilipoliona mara ya kwanza nilidhani mtu amesahau kusafisha data.

Hawakuunganisha majina peke yake. Waliunganisha wasifu pia. Msanii huyo mmoja amezaliwa Nairobi na amezaliwa Ludwigshafen. Ni mwanamke na ni mwanamume. Ngozi yake ni nyeusi na ni nyeupe. Tunapounganisha matawi mawili ya programu hatufuti historia ya hata moja. Ukirudi nyuma unaona kila badiliko lilitoka wapi, lakini kuanzia hapo mbele ni mstari mmoja. Nimetafuta mfano mwingine wa binadamu waliofanya hivyo sikuona unaofanana sawasawa. Wapo Gilbert na George wa London, ambao tangu miaka ya 1960 wamesema wao ni watu wawili lakini msanii mmoja. Ila wale ni wanaume wawili weupe waliovaa suti zinazofanana, na katikati ya majina yao bado kuna "na". Hawa wa kwetu waliitoa hata hiyo "na".

Jaribu sasa kumwingiza kwenye kanzidata. Mwaka wa kuzaliwa ni upi? Jinsia? Uraia? Utampanga chini ya I, ya M au ya H? Na zile picha za tumbo za 2001, zilizofanywa kabla ya jina kuwapo, ni za nani leo? Karani wa jumba la sanaa anayeandika kadi ya kubandika ukutani lazima achague, na kila anachochagua kinaonyesha anavyofikiri kuhusu watu. Hapo ndipo nadhani wamefaulu zaidi kuliko kwenye video zao zote. Kazi ya 2005 haionyeshwi ukutani. Inafanyika kila mara fomu inapokwama.

Lakini sitaki kuwapamba kupita kiasi. Kuna jambo linanikera hapa na nitalisema. Msanii akijiunganisha jina, wenye majumba ya sanaa wanamkaribisha na kumwandikia kitabu. Mtu wa Burat ambaye jina lake kwenye kipande limetofautiana herufi moja na la cheti cha kuzaliwa anapanda matatu, anapanga foleni, anaambiwa arudi na mzee wa kijiji, na akirudi naye anaambiwa ofisa ametoka. Nimeshuhudia jambo hili katika ofisi ambayo sitaitaja. Uhuru wa kujiita utakavyo una gharama, na wengine hulipiwa tiketi. Sidhani IngridMwangiRobertHutter hawalijui hilo. Binti aliyechoma ramani tumboni hawezi kusahau kwamba wengi hawakuchagua kuandikwa. Hata hivyo, nikisoma wasifu wao uliounganishwa huwa namwona yule mama mbele ya laptopu yangu, na mimi ndiye ofisa.

Basi nini kilifuata? Kwanza nilifanya kama fundi. Nilitenganisha makabila yakawa na jedwali lake, jedwali la tatu likawaunganisha wanachama na makabila, ili mtu mmoja awe na moja, matatu au asiwe nalo kabisa. Nilijisifu sana usiku huo. Siku ya mkutano nikawaonyesha wanakikundi chini ya mti, projekta ikikataa kwa sababu ya mwanga, wote wamezunguka kioo kidogo cha laptopu. Mwenyekiti akasikiliza mpaka mwisho, akauliza, "Na hii ya kabila tunaitaka ya nini? Maji yanagawanywa kwa ekari."

Pakawa kimya. Hakuna aliyekuwa na jibu, mimi wa kwanza. Nikafuta safu nzima pale pale mbele yao. Programu ikawa nyepesi, na kazi yangu ya usiku mzima ikaenda na maji.

Mama yule alikubali kusajiliwa. Alitaja majina yake manne, nami nikayaandika yote manne, na kisanduku cha jina nilikuwa nimeshakirefusha. Baadaye nikamwonyesha kwenye simu ile picha ya tumbo lenye Afrika. Ilichukua muda kufunguka, mnajua mtandao wa huku. Akaishika simu mbali kidogo na macho, kama wafanyavyo watu wa umri wake, akaitazama kwa makini.

"Huyu amelala juani kwa hiari yake?"

"Ndiyo, mama."

"Na Burat iko wapi hapo?"

Nikamwonyesha kwa kidole. Kidole kikafunika Kenya yote na nusu ya Ethiopia.

Betri yangu imebaki asilimia 9 na jua limeshatua. Ile makala ya kuhamisha kanzidata itakuja wiki ijayo, stima ikiruhusu.